Thriller Ina Mwenyewe

Jumamosi iliyopita nilikuwa napiga pasi nguo za wiki nzima, redio ikiwa dirishani, nikamsikia mtangazaji mmoja akiwaeleza wasikilizaji, kwa sauti ya mtu aliyekesha maktaba, kwamba Michael Jackson aliitunga Thriller usiku mmoja baada ya kutazama sinema ya kutisha. Nilituma ujumbe papo hapo kwamba mtunzi wa wimbo huo ni Rod Temperton, Mwingereza. Ujumbe wangu ulisomwa hewani, ukafuatwa na kicheko: "Mzee wetu, Mwingereza na Thriller wapi na wapi?"

Kwa kuwa swali limeulizwa mbele ya watu, acha nilijibu mbele ya watu.

Rodney Temperton alizaliwa mwaka 1949 mjini Cleethorpes, katika pwani ya mashariki ya Uingereza, na kabla muziki haujaanza kumlisha alifanya kazi katika kampuni ya samaki wa kugandishwa mjini Grimsby. Alianza na dramu, akahamia kwenye kinanda, kisha akaenda Ujerumani kutafuta riziki ya kupiga muziki ukumbini. Mwaka 1974 alijibu tangazo katika gazeti la Melody Maker, lililowekwa na Mmarekani mweusi aitwaye Johnnie Wilder aliyekuwa akiunda bendi ya Heatwave. Ndivyo kijana mweupe kutoka mji wa samaki alivyoingia katika bendi ya soul, muziki wa Wamarekani weusi, na badala ya kubaki mpiga kinanda wa pembeni akawa ndiye anayewatungia nyimbo. Boogie Nights ilifika nafasi ya pili Uingereza na Marekani. Always and Forever, ambayo hata leo huchezewa maharusi wasiojua imetoka wapi, inasimuliwa kwamba aliitunga katika chumba kimoja kidogo, kinanda kikiwa kando ya rundo la nguo chafu. Nikiwa na pasi mkononi, habari hiyo ilinigusa kuliko ilivyostahili.

Mwaka 1978 aliacha kupanda jukwaani na Heatwave ili ashughulike na utunzi tu. Muda si mrefu Quincy Jones, aliyekuwa akitayarisha albamu ya Off the Wall ya Michael Jackson, alimwomba wimbo mmoja. Temperton alipeleka nyimbo tatu, akitarajia mmoja utachaguliwa na mbili zirudi naye nyumbani. Zote tatu zilichukuliwa, na mmojawapo ni Rock With You, ulioshika nafasi ya kwanza Marekani mwaka 1980. Inasimuliwa kwamba kabla ya hapo mwimbaji Karen Carpenter alikuwa ameukataa wimbo huo, jambo ambalo humkumbusha mtu asikate tamaa na mlango wa kwanza.

Sasa nije kwenye linaloniudhi hasa, maana kosa la jina lingesameheka. Nyuma ya kicheko cha yule mtangazaji kuna imani kwamba wimbo huzaliwa kinywani mwa mwimbaji, na kwamba mtunzi, akiwepo, ni karani tu aliyenakili maneno. Chukua albamu yenyewe ya Thriller ya mwaka 1982, uhesabu. Ina nyimbo tisa. Michael alitunga nne, Billie Jean na Beat It zikiwemo, na hakuna anayempokonya. Temperton alitunga tatu: Thriller, Baby Be Mine na The Lady in My Life. Mbili zilizobaki zina wenyewe wengine. Tena kwenye jalada jina la Temperton halikuishia kwenye utunzi, kwa kuwa limeandikwa pia kama mpangaji wa midundo na wa sauti katika nyimbo zake, yaani alifika studio akiwa ameshajua besi itatembea vipi na sauti za nyuma zitapandana wapi, na maneno kwake mara nyingi yalikuja mwisho, baada ya jengo lote kusimama. Wimbo wenyewe wa Thriller mwanzoni uliitwa Starlight. Quincy alitaka jina jingine, Temperton akaandika majina kwa mamia, akalala akiwa amekubali Midnight Man, na alipoamka asubuhi neno lililomjia lilikuwa Thriller. Hata yale maneno ya kutisha ya mwishoni, yanayosemwa na mwigizaji Vincent Price, mengi aliyaandika ndani ya teksi akielekea studio siku ileile ya kurekodi. Alipoona gari la Price likiingia, alimwambia dereva wake azunguke nyuma ya jengo ili karatasi ziwahi kutolewa nakala. Usiku mmoja baada ya sinema, kweli!

Nakubali, ingawa kwa shingo upande, kwamba bila koo la Michael nyimbo hizo zisingefika huku kwetu. Nakubali pia kwamba Temperton mwenyewe aliukimbia umaarufu, hata akabandikwa jina la Mtu Asiyeonekana, na kwamba mirabaha ilimfikia bila kipaza sauti, kwa hiyo hahitaji machozi yangu. Lakini mtu kuchagua kutoonekana hakumpi mwingine ruhusa ya kumfuta. Na sisi ndio tungepaswa kulielewa hili mapema, maana mwaka uleule wa 1982 Jambo Bwana ya Teddy Kalanda Harrison na Them Mushrooms ilitoka Mombasa, ikazunguka dunia, na watalii wangapi leo hudhani ni wimbo wa kimapokeo uliookotwa ufukweni?

Nje ya Thriller pia hakukaa bure. Baby, Come to Me, aliyoitunga kwa ajili ya Patti Austin na James Ingram, ilishika nafasi ya kwanza Marekani mwaka 1983, na kabla yake alikwisha kumpa George Benson Give Me the Night. Kwa filamu ya The Color Purple aliandikishwa katika orodha ya wanaowania Oscar. Saratani ilimwondoa mwaka 2016 jijini London akiwa na miaka 66, na maziko yake yalikuwa ya faragha kama maisha yake.

Yote haya nisingeweza kuyaandika katika ujumbe wa simu. Niliandika tu kwamba naomba The Lady in My Life, na kwamba jina la mtunzi litajwe. Dakika kumi baadaye wakapiga Thriller, "kwa ajili ya mzee wetu wa Mwingereza." Nikaongeza sauti, nikaisimamisha pasi, nikamsubiri Vincent Price. Alipovuta pumzi kuanza yale maneno ya ndani ya teksi, wakamkata, likaingia tangazo la sabuni ya kufulia.