Asili Iliyoandikwa Kwenye Kadi

Kadi ya mpiga kura, ambayo sisi Wakongo tumeitumia miaka mingi kama kitambulisho, hutaja mahali mtu alipozaliwa na pia asili yake. Mimi nilizaliwa Lubumbashi, mji wa Katanga, katika komine (yaani wilaya ya mji) iitwayo Kenya, na Papa, baba yangu, vilevile. Lakini asili yangu imeandikwa Kasai, eneo jingine la Kongo, ambako sijawahi kulala hata usiku mmoja. Babu ndiye aliyetoka huko, akaja kufanya kazi Union Minière, kampuni ya madini iliyoanzishwa mwaka 1906 na kukusanya wafanyakazi kutoka Kasai, Rwanda-Urundi na hata Rhodesia ya Kaskazini (Zambia ya leo). Kiswahili chetu kilikomaa katika kambi zake, vinywani mwa watu ambao wengi wao hawakukirithi kwa mama zao.

Mzee mmoja jirani yangu hushikilia kwamba asili ile ni haki yangu, kwa kuwa taifa ni makabila yaliyokubali kukaa pamoja. Hoja yake ina uzito. Rais Mobutu alijaribu umoja wa amri: mwaka 1971 nchi ikawa Zaire, mwaka uliofuata majina ya Kikristo yakapigwa marufuku, na Papa akavuliwa jina la ubatizo. Alipolirudia baadaye, ndugu zake hawakujua tena wamwiteje.

Vijana wa mtaani husema Mkongo ni Mkongo, basi. Ningependa kuwaamini, ila sidhani kama wamesimuliwa ya mwaka 1992 na 1993, watu wenye asili ya Kasai, wengi wao wazaliwa wa hapa, walipofukuzwa Katanga na kurundikana kwenye stesheni ya Likasi wakingoja treni. Waliitwa bilulu, yaani wadudu, na aliyetukana na aliyetukanwa walisema Kiswahili kilekile.

Kwa hiyo sidai asili ifutwe. Hata Katiba ya 2006 humtambua Mkongo wa asili kwa kabila lililokuwemo nchini wakati wa uhuru. Ninachokataa ni kwamba mahali pa babu pahesabiwe kuwa kwetu, na mahali tulipozikia watu wetu pahesabiwe ugeni. Juzi karani wa ofisi moja aliipokea kadi yangu, akaruka mahali pa kuzaliwa, akasoma asili, kisha akaniuliza kwa upole kabisa habari za kwetu. Nikamjibu kwamba huko Kenya umeme ulikuwa umekatika tangu jana yake.