Mjakazi wa Tabora naye apande jukwaani

Waambie waigizaji wa Ujiji au Tabora waandae mchezo wa utumwa, wataanza na msafara: minyororo shingoni, pembe za ndovu, safari ya Bagamoyo. Sasa wako wanaotaka mchezo uingie ndani ya tembe, umwonyeshe mtumwa aliyebaki hapa hapa akilima, akitwanga na kuteka maji ya bwana wake.

Wanaokataa wana sababu nzito. Wajukuu wa mabwana na wajukuu wa watumwa wameoana, wanazikana. Kutangaza leo nani alimilikiwa na nani kunaweza kuvunja nyumba za watu. Wanahofu pia kwamba bwana Mnyamwezi akionyeshwa, mfanyabiashara wa pwani aliyeleta bunduki na kununua mateka atapunguziwa lawama.

Lakini msafara peke yake unapotosha. Wapagazi wengi wa Kinyamwezi walikuwa watu huru waliobeba kwa ujira. Walipokuwa pwani, mashamba ya Unyanyembe, utemi wa Wanyamwezi wa hapa Tabora, yalitaka mikono, na mikono hiyo ilinunuliwa. Mtemi Isike wa Unyanyembe, aliyepigana na Wajerumani hadi akalipua baruti ngomeni mwake mwaka 1893, anastahili sifa zake zote. Utemi alioufia ulikuwa na watumwa. Nao Wajerumani, waliojitapa kwamba wamekuja kukomesha biashara ya watumwa, waliwaachia mabwana watumwa wao. Soko la watumwa la Zanzibar lilifungwa 1873. Tanganyika ilisubiri hadi 1922, chini ya Waingereza, ndipo sheria ikaufuta utumwa wenyewe.

Karibu miaka 50! Humo ndimo mchezo ulimo. Wajerumani waliamuru kwamba mtoto wa mtumwa atakayezaliwa baada ya 1905 awe huru. Basi mchukue mjakazi mwenye watoto wawili, mmoja wa 1904, mwingine wa 1906. Wanalala mkeka mmoja. Mdogo ni huru. Mkubwa ni mali ya bwana, na mama vilevile. Alfajiri bwana anaita mtu wa kwenda kulima. Nani aitike? Mama akitoroka na mdogo, mkubwa amwachie nani? Na huyo aliye huru, asiye na shamba wala ukoo wa kumpokea, atakula kwa nani kama si kwa bwana yule yule? Hakuna mnyororo hata mmoja jukwaani, na bado hakuna anayeweza kuondoka.

Mchezo huo hautaji ukoo wa mtu. Bwana anaweza kuitwa Bwana tu, na kijiji kikawa cha kubuni. Mfanyabiashara wa pwani naye apite mlangoni akidai deni lake, lawama yake asibebewe na mwingine. Ila maneno mengi apewe mjakazi.