Kwetu tunapima uzito, huku wanapima breki

Mama alipokuja kunitembelea Colorado, Marekani, Julai iliyopita hakuuliza habari za maduka. Asubuhi ya pili alisimama dirishani kwangu hapa Aurora, akanyoosha kidole kusini, akauliza, "Ule mlima mrefu kule, gari linafika?" Nikamwambia gari linafika mpaka kileleni. Akanitazama kwa muda, kisha akasema, "Basi twende nikaone wanavyoshuka."

Hakusema wanavyopanda. Mtu wa Chimala angeelewa papo hapo.

Kwa asiyepajua, Chimala ni mji mdogo kwenye barabara kuu ya kutoka Dar es Salaam kwenda Mbeya na Tunduma, wilaya ya Mbarali. Nyuma ya nyumba zetu milima ya Kipengere imesimama kama ukuta, na barabara ya kwenda Matamba inaukwea ukuta huo kwa kona hamsini na saba. Ndiyo maana watu wanaiita hivyohivyo, Hamsini na Saba. Ukishamaliza kona unaingia nchi nyingine kabisa: baridi, ukungu, mashamba ya viazi mviringo, na mbele zaidi Kitulo, ile Bustani ya Mungu iliyofanywa hifadhi ya taifa mwaka 2005 kwa sababu ya maua yake. Viazi vinapanda juu ya Fuso na kushuka kwetu. Mama ameuza viazi vya Matamba pale stendi tangu sijaanza shule.

Nikiwa darasa la sita, Fuso moja la viazi lilikata breki kwenye kona za mwisho. Tulisikia honi kwanza, honi ndefu isiyokatika, ya dereva anayeomba watu wampishe. Baadaye ikaja harufu ya breki zilizoungua, na mpaka leo nikiipata harufu ile mahali popote miguu inakosa nguvu. Utingo wa gari lile alikuwa kijana aliyekunywa uji kwa mama kila alfajiri. Alifia njiani kabla ya kufikishwa hospitali. Viazi vilizagaa barabarani kuanzia darajani mpaka karibu na shule, na siku ile hakuna mtu aliyeokota hata kimoja.

Kwa hiyo tulikwenda. Mlima wenyewe ni Pikes Peak, una mita 4,302, na uko jirani na jiji la Colorado Springs, mwendo wa kilomita 110 hivi kusini mwa Denver. Tulilipia ziara ya basi dogo, abiria kumi na wanne, na dereva mzee ambaye ndiye pia alikuwa mwongozaji. Alianza kusimulia kabla hatujatoka mjini. Alisema wenyeji wa asili, Wauti, wanauita Tava, mlima wa jua. Jina la sasa linatokana na Zebulon Pike, mwanajeshi aliyejaribu kuupanda mwaka 1806 akashindwa na theluji. Nilipomtafsiria mama, alinyamaza, halafu akauliza kwa masikitiko ya kweli, "Wameupa jina la aliyeshindwa, na wenye jina lao walikuwa hapo hapo?" Sikuwa na jibu. Sisi angalau Kitulo, Rungwe na Loleza bado tunaviita tulivyovikuta kwa wazee.

Jambo ambalo sikulizoea mpaka leo ni ukimya wa safari za huku. Mama alipoingia kwenye basi alisalimia wote kwa mkono, kiti kwa kiti, kama unavyosalimia ukikuta watu msibani au harusini. Wengine walishtuka, wengine wakafurahi, kisha kila mmoja akarudi kwenye simu yake. Kwetu ukipanda Hamsini na Saba nyuma ya pikapu, mpaka kona ya ishirini umeshajua nani anakwenda kumzika nani, na umeshapakata mtoto wa mtu usiyemjua. Huo ni utajiri, na nausema bila kusita kwa sababu nimekaa miaka minane bila kuuona.

Barabara ya Pikes Peak ina urefu wa kilomita 30 hivi. Mashindano ya magari ya kupanda mlima huu yalianza mwaka 1916, na katika kilomita 20 za mashindano hayo kuna kona 156. Mama alianza kuhesabu kwa sauti ya chini kama anavyohesabu za kwetu. Alifika arobaini na kitu akapotea, maana miti ilikuwa imekwisha na upande wake wa dirisha ulikuwa umebaki hewa tupu. Akafumba macho na kushika ukingo wa kitenge.

Lami hiyo nayo ina historia inayotuhusu. Zamani sehemu kubwa ya barabara ilikuwa ya changarawe. Mvua na theluji inayoyeyuka zikawa zinaisomba changarawe na kuimwaga kwenye vijito na mabonde. Chama cha uhifadhi cha Sierra Club kikaenda mahakamani, jiji likakubali kuweka lami, na kazi ikakamilika mwaka 2011. Jiji ndilo linaloendesha barabara, na kila anayepanda analipa getini. Nikamwambia mama kwamba fedha ya getini ndiyo inayotengeneza barabara hiyohiyo. Akasema, "Haiendi kwingine?" Nikasema ndivyo utaratibu ulivyo.

Kileleni hatukukaa sana. Pumzi inakuwa fupi kwa sababu kila unachovuta kina oksijeni kama sehemu tatu tu kati ya tano ya unayoipata ukiwa pwani, na mtu mzima hatakiwi kuzembea kule. Mbeya iko juu kidogo kuliko Denver, kwa hiyo mama hakuwa mgeni wa baridi wala wa hewa ya mlimani, lakini hatua ishirini zilimtosha. Akakaa ndani ya jengo jipya la wageni, lile lililofunguliwa mwaka 2021, akala donati zinazokaangwa palepale juu. Dereva alieleza kwamba zina mapishi yake maalumu, maana kileleni maji yanachemka kwenye nyuzi 86 hivi, na upishi wa bondeni haufai. Mama akacheka kwa furaha. "Ndiyo maana maharage ya Kitulo hayaivi!" Miaka yote alikuwa akilaumu kuni.

Kisha tukaanza kushuka, na ninachotaka kusema hasa kinaanzia hapa.

Dereva aliweka gia ndogo tangu mita za kwanza. Injini ikawa inaunguruma, basi likienda taratibu, na mguu wake haukukaa kwenye breki. Alikuwa anagusa na kuachia, anagusa na kuachia. Tukafika mahali panaitwa Glen Cove, pale miti inapoanza tena. Magari yote yalikuwa kwenye foleni. Msichana mwenye sare na kofia alitoka kwenye kibanda, akachuchumaa kidogo kando ya gurudumu la mbele, akalielekezea kifaa kama bastola ndogo ya kuchezea, akasoma namba. Mama akanishika mkono. "Tumekosa nini?" Alidhani ni trafiki.

Nikamwambia anapima joto la breki.

Gari la mbele yetu lilionyeshwa mahali pa kuegesha. Ndani alikuwamo baba na watoto watatu. Hakutozwa faini wala hakusemwa. Aliambiwa breki zako zimepata moto, pumzika zipoe, kisha ushuke kwa gia ndogo. Wakateremka, watoto wakaanza kukimbizana kwenye majani. Sisi tukaruhusiwa kupita. Mama aligeuka kwenye kiti akawatazama wale watoto mpaka kona ikawaficha, na nilipomwangalia alikuwa analia.

Breki kazi yake ni kugeuza mwendo kuwa joto, na joto lile lazima liende mahali. Ukikanyaga mfululizo kwenye mteremko mrefu, joto linajaa kuliko linavyotoka, mpaka pedi zinapoteza mshiko. Kwa gari la breki za mafuta, mafuta yenyewe yanaweza kuchemka, na pedali inazama kama unakanyaga maji. Gari zima, dereva hajalewa, na bado halisimami. Dereva wa Fuso lile la utotoni alilaumiwa mpaka akahama mji. Huenda alishuka gia ikiwa imetolewa ili kubana mafuta ya tajiri, kama walivyofanya wengi. Lakini kati ya kona ya kwanza na ya hamsini na saba hapakuwa na mtu hata mmoja wa kumwambia, simama kidogo.

Na tusiseme kwamba hatujui kusimamisha magari. Ukitoka Dar kwenda Mbeya unasimama mizani Vigwaza, unasimama Wenda, unasimama Makambako. Basi na lori, yote yanapanda mzani, na likizidi linalipa. Nimekaa kwenye foleni hizo usiku wa manane na sikulalamika, kwa sababu barabara ni mali yetu na uzito unaiharibu. Lakini yule anayepimwa uzito Wenda amepanda Kitonga, ule mlima wa kona kali kabla ya Iringa, au anakwenda kuishuka. Tumeona lami inastahili kituo, mzani, kompyuta na mtu wa zamu usiku na mchana. Kwa nini watu waliomo ndani ya basi wasistahili kibanda kimoja katikati ya mteremko? Kitonga ina historia yake ya vilio. Miteremko ya Iwambi na Igawilo pale Mbeya kila mtu anaijua. Baada ya kila ajali kubwa tunasikia maneno yaleyale, gari lilikata breki, kana kwamba breki hukatika kama umeme, ghafla na bila taarifa. Taarifa ipo. Inakaa kwenye gurudumu kwa dakika nyingi kabla ya ajali, na inasomeka.

Nimeshaambiwa na ndugu zangu kwamba ukiweka mtu pale ataugeuza mteremko kuwa mradi wake, atakula hela na magari yatapita na moto wake. Hofu hiyo naielewa. Ila kipimo hiki kinaonyesha namba, na namba inaweza kuonyeshwa abiria. Basi la watu sitini wakishajua kwamba breki zao zina moto, sidhani kama dereva atathubutu kutoa noti ili aondoke. Abiria wa Tanzania hanyamazi, na hapo ndipo kelele zetu za ndani ya basi zingetuokoa. Huku ukimya wao unafanya kazi kwa sababu wanauamini utaratibu. Sisi tuna midomo, tuitumie.

Wala sitaki Hamsini na Saba iwe Pikes Peak. Sitaki jengo la kioo juu ya Kitulo wala foleni ya magari elfu kwenye maua. Ningetamani siku moja kuwe na basi la wananchi linaloondoka Chimala Jumamosi asubuhi msimu wa maua, lenye kijana wa Matamba anayesimulia majina ya mimea kwa Kiswahili, na watoto wa shule za mabondeni waone kilicho juu ya ukuta wanaouangalia kila siku. Nilimaliza darasa la saba bila kufika Kitulo, na kutoka nyumbani naiona njia. Lakini basi hilo sitamshauri mtu alipande kabla ya kuwepo kibanda cha kushukia.

Usiku ule mama aliuliza kile kidude kinauzwa shilingi ngapi. Tukatafuta kwenye simu. Kuna vya kila bei, na cha kawaida ni chini ya chakula cha watu wawili kwenye mgahawa wa kawaida hapa. Tukanunua viwili. Alivifunga ndani ya kitenge katikati ya begi, na kimoja akampa fundi tairi wa pale stendi, mtu anayeaminiwa na madereva. Sheria haimpi fundi mamlaka ya kumsimamisha mtu, anaomba tu. Wengi wanapita.

Nilimpigia mama Jumapili. Aliniambia wiki hiyo Fuso tatu zilikubali kupimwa kule juu, karibu na kona ya thelathini, ambako fundi anapanda na pikipiki siku za gulio. Moja ilikutwa na moto mkali gurudumu la nyuma. Dereva na utingo wake walikaa kivulini karibu saa nzima, wakala viazi vya kuchemsha, ndipo wakashuka.