Forodha walikizuia, bibi yangu angekicheka

Mama mdogo akinipigia kutoka Tanga hakosi kuuliza: "Mwanangu, huko kwa wazungu wasio na haya, bado unajisitiri?" Namjibu najisitiri. Juzi nilikuwa na jibu refu zaidi, ila bando likamkatikia.

Jumamosi nilipanda treni Blacktown, hapa Sydney, hadi Faulconbridge, huko milimani, kuiona nyumba ya Norman Lindsay, mchoraji na mwandishi wa Australia. Siku hizi ni makumbusho. Bustanini kuna masanamu ya wanawake uchi wa mnyama, mapaja yamejaa, na chini yao ajuza mmoja kakaa anamenya chungwa lake. Watoto wa Australia wanamjua Lindsay kwa The Magic Pudding ya 1918, pudingi linaloongea na kuliwa lisiishe.

Mzee huyohuyo mwaka 1932 alitoa riwaya, The Cautious Amorist. Meli inazama, wanaume watatu na mwanamke mmoja wanatupwa kisiwani. Yanayofuata unayajua, na raha yake ndiyo hiyo: kila mwanaume anajitia muungwana huku akimchunga mwenzake. Ikapigwa marufuku Australia. Waliokuwa wakizuia vitabu vya nje wakati huo ni forodha, watu wa kupekua masanduku bandarini! Redheap yake ya 1930 walishaizuia, na haikuachiwa mpaka 1958. London ilichapishwa, inasomwa. Nyumbani kwake mwiko. Kwa hiyo haya walikuwa nayo, tena iliyovaa sare.

Na sisi je? Rosa Mistika ya Kezilahabi ilipotoka 1971 ilizuiwa mashuleni. Mimi niliisoma ya kuazima, jalada limeshang'oka, nimejificha nyuma ya nyumba. Ndani ya nyumba hiyohiyo alikuwamo bibi yangu, kungwi. Aliyotufundisha mlango umefungwa, kwa ngoma na vichekesho mpaka mbavu zinauma, Lindsay angeomba kalamu. Hakuna aliyesema bibi hana haya.

Nadhani maneno hayatutishi, kinachotutisha ni karatasi. Kungwi anachagua nani aingie na nani abaki uani. Kitabu humfungukia yeyote mwenye macho. Hofu hiyo naielewa, kuliko ya yule afisa wa bandarini. Lakini ilikuwa na maana kwa sababu kungwi alikuwepo. Ukimficha msichana kitabu na kungwi hana, umemwachia nini?

Huku binti yangu, miaka 17, kungwi hana. Ana simu, na yaliyomo humo hayana hata kichekesho kimoja.

Hiyo The Cautious Amorist niliipata ya mtumba, inanuka kabati. Nikaiacha juu ya meza ya jikoni, sikusema kitu. Leo asubuhi nimeona risiti ya basi imechomekwa katikati ya kurasa, naye hajaniambia neno. Mama mdogo akipiga tena, tutaongea habari za mvua.