Abel Ferrara: giza lake analilipia nani?

Wanaosema Abel Ferrara, mwongozaji filamu wa Marekani, anauza uchafu wana pa kuanzia. The Driller Killer ya mwaka 1979 inamhusu mchoraji wa New York anayerukwa na akili na kuanza kuua watu kwa drili, wengi wao wakiwa walala nje. Uingereza, kasha la video yake lilichangia hasira iliyozaa sheria ya kudhibiti video ya mwaka 1984.

Wanaomtetea hutaja Bad Lieutenant ya mwaka 1992, na kwa filamu hiyo niko upande wao. Harvey Keitel ni luteni wa polisi asiye na jina. Anatumia unga, anabeti besiboli, madeni yamemfika shingoni. Mtawa amebakwa kanisani na hataki kuwataja waliomfanyia hivyo, kwa kuwa ameshawasamehe. Luteni haelewi kabisa. Baadaye anaanguka kwenye sakafu ya kanisa akilia kwa sauti isiyo ya binadamu, na Kristo amesimama mbele yake. Anamtukana, anaomba radhi, anatambaa kuibusu miguu. Akiinua macho, anamwona mwanamke aliyeshika kikombe cha misa kilichoibwa. Kikombe hicho kinamfikisha kwa wabakaji, naye anawapa pesa na kuwapandisha basi waondoke. Bila uozo wote uliotangulia, msamaha ule usingekuwa na uzito.

Lakini mtawa mwenyewe tunamjua kidogo mno. Maumivu yake yanatumika kumwokoa mwanamume, na hilo linanikera kila ninapoitazama. Katika Ms. 45 ya mwaka 1981 pia, mwanamke anayebakwa mara mbili kwa siku moja ni bubu. Hata hivyo shutuma hii haikamiliki bila Zoë Lund: ndiye aliyeigiza bubu yule, na ndiye aliyeandika Bad Lieutenant pamoja na Ferrara. Alifariki Paris mwaka 1999, akiwa na miaka 37. Sauti ya mwanamke ilikuwemo kwenye kuandika, hata kama kwenye picha ilibanwa.

Kuhusu kujitegemea kwa Ferrara, wengi humsifu kwa kutong'ang'ania studio kubwa baada ya kuwatengenezea Warner Bros. Body Snatchers mwaka 1993. Nakubali, ila naona alichopoteza kilikuwa kingine: Nicholas St. John, rafiki wa ujanani, Mkatoliki wa dhati, aliyemwandikia hadi The Funeral ya mwaka 1996. Huyo alikuwa na ubavu wa kumbishia. Baada yake hadithi zililegea, na giza likawa mara nyingi ni hali ya hewa tu.

Ndiyo maana Tommaso ya mwaka 2019 naiweka juu ya nyingi za miaka hii. Willem Dafoe anaigiza mwongozaji Mmarekani aliyeacha ulevi na kuhamia Roma, huku mke na binti wa Ferrara mwenyewe wakiigiza familia yake. Safari hii hasira na wivu vinatazamwa palepale vinapoumiza, mezani na chumbani, na mke anajibu.