Mahakamani kwa Karatasi Gani?

"Kama hujaridhika nenda mahakamani." Nimeyasoma maneno hayo kwenye grupu la wazazi na walimu siku mkeka wa ajira, yaani orodha ya walimu walioajiriwa na Serikali, ulipotoka, na aliyeyaandika akaweka emoji ya kucheka. Anayeambiwa ni binti anayejitolea kufundisha Kiingereza darasa la kwanza na la pili, shule moja ya msingi huko Tandahimba, mkoani Mtwara. Jina lake halimo. Aliyemo kapangiwa shule hiyohiyo.

Haya, twende mahakamani.

Ukitaka kuishtaki Serikali, iwe halmashauri au taasisi yake, unatoa kwanza notisi ya siku 90. Tangu sheria ilipobadilishwa mwaka 2020, Mwanasheria Mkuu wa Serikali lazima aunganishwe na shauri lifunguliwe Mahakama Kuu. Kwa sisi wa Mkoa wa Mtwara, hiyo iko Mtwara mjini. Mtu wa Liwale aanze safari, na kama ni masika Mungu amtangulie. Akitaka njia nyingine, aiombe Mahakama Kuu iupitie uamuzi wenyewe: ana miezi sita tangu ulipotolewa, na kabla ya kuomba anaomba kibali cha kuomba. Ndiyo, kibali cha kuomba. Na wakili halipwi kwa ahsante.

Hayo yote yanavumilika, watu wa kusini tumezoea mwendo. Kinachonitoa povu ni swali moja ambalo jaji ataliuliza na binti hatakuwa na jibu: uamuzi unaoulalamikia uko wapi?

Haupo! Mkeka una majina ya waliopata, basi. Alifaulu usaili wa kuandika, akaitwa kwenye mahojiano, akarudi nyumbani, kimya. Labda yuko kanzidata, orodha ya waliofaulu wanaosubiri nafasi. Labda kapungukiwa alama moja, labda ishirini. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 inakataza ubaguzi hata kwenye kuchagua waombaji, safi kabisa, lakini utauthibitishaje ubaguzi wakati hujui kwenye mahojiano ulipata ngapi wala mwenzako alipata ngapi? Mkulima akipeleka korosho ghalani anaambiwa hizi daraja la kwanza, hizi la pili, na anaondoka na stakabadhi mfukoni. Korosho zina karatasi. Mwalimu hana.

Tuje kwenye huko kujitolea. Alipokelewa kwa mdomo. Posho inatoka kwa wazazi msimu wa korosho, hela za mnada zikiingia. Malipo yakichelewa naye anasubiri, na msimu ukiisha anaishi anavyojua mwenyewe. Daftari la mahudhurio halina jina lake. Wageni wa elimu wakija, anaombwa asogee pembeni kidogo, maana ikama, orodha ya watumishi walioidhinishwa, haimtambui. Sasa mtu huyu akasimame mbele ya jaji aseme "nimefundisha", ashuhudiwe na nani? Na watoto wa darasa la pili?

Kenya, Aprili 2024, Mahakama ya Ajira ilisema kuwachukua walimu waliosajiliwa na kuwalipa kama wanagenzi ni kuvunja haki zao. Wale walikuwa wa sekondari ya chini, siyo wa lugha peke yake, lakini angalia walichokuwa nacho: mikataba yenye saini. Mkataba mbovu nao ni ushahidi.

Nakubali, kwa shingo upande, kwamba usaili una nafuu yake. Mwaka 2025 walimu walisailiwa mikoani, hakuna aliyeuza mbuzi kwa nauli ya Dodoma. Na huyo aliyepangiwa hana kosa lolote, karibu sana mwalimu, maji huku ni ya kununua. Mtakaoniambia waombaji ni wengi: najua.

Ila mtaala ulioanza kutumika Januari 2024 unataka Kiingereza kianze darasa la kwanza. Kifaransa, Kiarabu na Kichina vimewekwa kuwa vya hiari. Kichina, jamani! Huku mtoto anaingia shule na Kimakonde chake kizima na Kiswahili cha kuombea maji, kwa hiyo mwalimu wa Kiingereza anafundisha lugha mbili kwa mpigo. Binti huyu anaziweza zote tatu: Kimakonde, Kiswahili na Kiingereza. Kwenye usaili hiyo ina alama ngapi? Uliza uone kama utajibiwa.

Ninachotaka ni kidogo mno. Kila aliyefika kwenye mahojiano atumiwe alama zake, alama za wa mwisho aliyechukuliwa, na sababu, hata mstari mmoja. Simu inayopokea ujumbe wa kuitwa usaili inapokea na huo. Na anayejitolea apewe barua yenye muhuri wa shule siku anayoanza, ikitaja somo na darasa. Muhuri upo, wino upo.

Kuna kikao cha wazazi kabla ya msimu. La muhuri nitalisema, mwalimu mkuu atakuwepo. La alama halina wa kuulizwa pale.