Dangdut na lile neno "kampungan"

Waindonesia wana neno kampungan, lililozaliwa na kampung, yaani kijiji au mtaa wa walalahoi. Mswahili hahitaji kufafanuliwa sana, kwa kuwa nasi tuna "ushamba" wetu. Kwa miongo kadhaa neno hilo limebandikwa muziki wa dangdut, ambao hata jina lake lilianza kama kejeli ya mlio wa ngoma zake: dang, kisha dut.

Mimi naona kwamba hakuna burudani nyingine inayoieleza Indonesia kuliko huu muziki unaodharauliwa. Filamu za kutisha hujaza kumbi, na mwaka 2025 katuni ya Jumbo ilivuka watazamaji milioni 10, jambo la kupongezwa. Dangdut, hata hivyo, haingoji mtu akate tiketi, maana humfuata mwananchi arusini, sokoni na kwenye basi.

Aliyekulia kwenye taarabu hatakuwa mgeni. Miziki yote miwili imechota kwa Waarabu na kwenye nyimbo za filamu za Kihindi, na gambusi ya Wahadhrami, Waarabu wa Yemen, ilifika kisiwa cha Java kama ilivyofika pwani yetu. Hata kutunza wanako, wao wakikuita saweran: mgeni hupanda jukwaani akicheza taratibu, akamkabidhi mwimbaji noti moja baada ya nyingine, huku mpiga ngoma ya kendang akikoleza mapigo kila noti inapotoka. Tofauti ninayoiona ni kwamba kwetu noti mara nyingi huwa na mlengwa aliyeketi ukumbini, anayejua fika kwamba wimbo unamhusu yeye.

Ugomvi haukukosekana. Mwaka 2003 Inul Daratista, binti wa Java Mashariki, alitikisa nchi kwa mtindo wake wa kuzungusha kiuno, na Rhoma Irama, anayeitwa mfalme wa dangdut, akamkemea hadharani kwa jina la maadili. Namheshimu Rhoma kwa kuliingiza gitaa la umeme na mahubiri ndani ya muziki huu, lakini katika hilo alikosea, kwani umma ulikuwa umekwisha kuchagua. Mtindo wa koplo aliotoka nao Inul, wenye ngoma za kasi, ndio unaotamba leo, mara nyingi kwa Kijava badala ya lugha ya taifa.

Tarehe 17 Agosti 2022, katika sherehe za uhuru, mvulana wa miaka 12 kutoka Banyuwangi, Farel Prayoga, aliyewahi kuimba mitaani kutafuta riziki, aliimba ikulu mbele ya Rais Joko Widodo, na mawaziri wakainuka wakacheza. Wapo wanaoulizana kila mwaka ni lini Indonesia itapata kundi la muziki la kushindana na Wakorea. Wimbo aliouimba Farel siku ile ni wa Kijava, nao ni wa mpenzi anayeomba asilinganishwe na mtu mwingine.